Askofu Huddleston wa Masasi: alitoka wapi, alifanya nini, na kwa nini aliondoka mwenyewe

Kijana mmoja wa Newala anayeishi Dar ameniandikia hivi: "Shikamoo mwalimu. Bibi yangu alipata kipaimara kwa Askofu Huddleston na mpaka leo anamtaja. Nikitafuta habari zake naona Afrika Kusini tu, Masasi wanaipitia mstari mmoja basi. Ilikuwaje Mwingereza akaja kuwa askofu wetu, huku alikuwa anafanya nini, mbona aliondoka baada ya miaka minane tu, na ni kweli kazikwa Masasi?"

Marahaba mwanangu. Nashukuru umeuliza, maana hilo la Masasi kupitiwa mstari mmoja linaniuma hata mimi. Wanaoandika habari za Trevor Huddleston wengi wanavutwa na Sophiatown na vita ya ubaguzi wa rangi, na ni haki yao, mambo yalikuwa makubwa kweli, ila mimi naona ile miaka minane ya kusini kwetu ndiyo inayomwonyesha mtu vizuri zaidi. Afrika Kusini alikuwa padri anayeipinga serikali, kule mwenye nguvu ni mwingine. Masasi mwenye kiti ni yeye, Mzungu, askofu, mwenye mamlaka juu ya mapadri, shule na hospitali, katika nchi inayoenda kupata uhuru wake. Sasa hapo ndipo unamjua mtu, akipewa yeye rungu anafanya nalo nini.

Nianzie mwanzo ila sitakawia. Alizaliwa Bedford, Uingereza, mwaka 1913. Baba yake alikuwa ofisa wa jeshi la majini la India enzi za ukoloni, wazazi wakawa mbali miaka mingi, mtoto akalelewa zaidi na shangazi. Akasoma Lancing, halafu historia pale Christ Church, Oxford, kisha chuo cha theolojia Wells, akapewa upadri 1937 na kutumikia parokia moja ya Swindon, mji wa wafanyakazi wa reli. Mpaka hapo ni njia ya kawaida ya padri wa Kianglikana aliyetoka familia nzuri. Kilichobadilisha kila kitu ni 1939 alipoingia shirika la watawa wa Mirfield kule Yorkshire, linaitwa Jumuiya ya Ufufuo, akaweka nadhiri zake 1941. Watu wengi hawajui kwamba Waanglikana nao wana watawa, wanadhani ni mambo ya Roma peke yake, kumbe wapo, na nadhiri ni zilezile tatu: ufukara, useja na utii. Maana yake huna hela yako binafsi, huna mke wala mtoto, na hujichagulii pa kwenda, mkuu wa shirika akisema nenda unafunga mzigo, akisema rudi unarudi. Hilo la utii lishike sana, bila hilo maisha ya huyu mzee hayaeleweki.

1943 shirika likampeleka Johannesburg, kitongoji cha Sophiatown, parokia ya Kristo Mfalme. Alikuwa na miaka 30. Sophiatown palikuwa mahali pa pekee, Mwafrika aliweza kumiliki kiwanja chake mwenyewe mjini, kitu ambacho karibu kote Afrika Kusini kilikuwa hakiwezekani, na nyumba zilikuwa zimesongamana, wapangaji uani, muziki usiku kucha, wahuni nao wapo. Padri Huddleston alizunguka humo kwa miguu na kanzu yake nyeupe, watoto wanamning'inia.

Kuna kisa ambacho Desmond Tutu, yule aliyekuja kuwa Askofu Mkuu wa Cape Town, alikisimulia maisha yake yote. Alikuwa bado mtoto, amesimama na mama yake nje ya shule ya vipofu alikokuwa anafanya kazi mama huyo, kazi za mikono, hakuwa mtu wa kujulikana wala msomi. Akapita padri Mzungu, mrefu, amevaa kanzu na kofia pana, na alipofika usawa wa yule mama akavua kofia kumwamkia. Basi, hakuna kingine. Lakini kwa mtoto wa Kiafrika wa Afrika Kusini ya miaka ile, kuona Mzungu anamvulia kofia mama yako ilikuwa kama kuona jua limechomoza magharibi. Yule padri alikuwa Huddleston. Baadaye Tutu alipougua kifua kikuu akalazwa karibu miezi 20, Huddleston alikuwa anaenda kumwona kila wiki na kumpelekea vitabu. Mwingine ni Hugh Masekela, mwanamuziki aliyekuja kuvuma dunia nzima, alikuwa mwanafunzi wa shule ya St Peter's, Rosettenville, iliyokuwa chini ya shirika, kijana mwenye vurugu zake. Huddleston akamuuliza unataka nini ili utulie, akajibu akipata tarumbeta hatamsumbua mtu tena, na padri akaenda akamtafutia. Mwaka 1956 Huddleston akapita Marekani, akaonana na mpiga tarumbeta wa jazz Louis Armstrong akamweleza habari za bendi ya vijana wa shule ile, na Armstrong akawatumia tarumbeta yake mwenyewe.

Halafu ikaja serikali ya makaburu na sheria zake. Sheria ya elimu ya 1953 iliwataka wamisheni wakabidhi shule zao ili Mwafrika afundishwe kuwa mtumishi tu. Huddleston akasema bora St Peter's ifungwe kuliko kuikabidhi kwa kazi hiyo, na kweli ikafungwa. Hii ilikuwa shule aliyosoma Oliver Tambo, aliyekuja kuwa kiongozi wa ANC, chama cha ukombozi cha Afrika Kusini, na akafundisha hapohapo hesabu, kwa hiyo usidhani ulikuwa uamuzi mwepesi, na wapo waliomlaumu hata ndani ya kanisa. Tarehe 9 Februari 1955 polisi wapatao 2,000 wakaizingira Sophiatown na malori, watu wakahamishiwa Meadowlands kwa nguvu, nyumba zikabomolewa kidogo kidogo, na mahali pale Wazungu walipojengewa wakapaita Triomf. Huddleston alikuwa barabarani na watu wake asubuhi ile. Mwezi Juni mwaka huohuo, kwenye mkutano mkuu wa Kliptown, ANC ikampa nishani yake ya juu kabisa, Isitwalandwe, yeye pamoja na Albert Luthuli na Yusuf Dadoo.

Sasa ule utii. Katikati ya hayo yote mkuu wa shirika akamwita arudi Uingereza. Watu wakalia, wengine wakashuku siasa imeingia hapo, yeye mwenyewe ilimuumiza vibaya sana. Lakini nadhiri ni nadhiri, mwanzoni mwa 1956 akaondoka. Mwaka huo kitabu chake kuhusu Afrika Kusini kikatoka, kikasomwa dunia nzima, na yeye wakati huo yuko Mirfield analea wanovisi, yaani watawa wanaoanza! Kutoka 1958 akawa mkuu wa nyumba ya shirika mjini London, na hapo ndipo sisi tunaanza kuingia kwenye hadithi. Tarehe 26 Juni 1959 kulikuwa na mkutano Holborn Hall, London, wa kuanzisha mgomo wa kutonunua bidhaa za Afrika Kusini. Mmoja wa wasemaji alikuwa kiongozi wa TANU, Julius Nyerere, aliyewaambia Waingereza kwamba hawaombwi kitu cha ajabu, wanaombwa tu waache kuusaidia ubaguzi kwa kununua bidhaa zake. Msemaji mwingine alikuwa Huddleston. Harakati ile ndiyo iliyozaa Anti-Apartheid Movement. Kwa hiyo kabla hajakanyaga Masasi alishakaa jukwaa moja na Mwalimu, na urafiki wao ulidumu.

Mwaka uliofuata, 1960, akawekwa askofu wa Masasi. Unauliza ilikuwaje Mwingereza. Hapa inabidi uijue UMCA, lile shirika la wamisheni wa vyuo vikuu lililoanza baada ya Livingstone kwenda Oxford na Cambridge kuhimiza. Zanzibar, Tanga, Masasi, mwambao wa Nyasa, yote hayo ni UMCA, ndiyo maana mpaka leo Mwanglikana wa Masasi anasema misa, anafukiza ubani na anaungama kwa padri, wakati mwenzake wa Dodoma aliyelelewa na CMS, shirika jingine la wamisheni wa Kianglikana, akiingia kanisani kwetu anaweza kudhani amekosea mlango. Wamisheni wa UMCA walikuja bila kuoa na bila mshahara, wanapewa matunzo na hela kidogo ya mfukoni. Mtawa wa Mirfield alifaa kabisa kwenye utaratibu huo, alikuwa ameshaishi hivyo miaka 20.

Na Masasi yenyewe ilikuwa na historia nzito. 1876 Askofu Edward Steere alitoka Zanzibar na kundi la watumwa waliokombolewa, nia ilikuwa kuwafikisha Ziwa Nyasa, wakaishia Masasi na kuanzisha kijiji pale. 1882 Wangoni wakavamia, watu wakauawa na wengine kutekwa, misheni ikahamishia makao Newala kwa muda, kwenu huko. Dayosisi ikaundwa 1926 na askofu wa kwanza akawa William Vincent Lucas, yule aliyeamua jando lisifutwe ila lifanyike na Wakristo wenyewe, na padri awepo. Kila askofu kuanzia Lucas mpaka Huddleston alikuwa Mwingereza. Mwafrika wa kwanza kuwa askofu Mwanglikana Tanganyika ni Yohana Omari, 1955, naye alikuwa askofu msaidizi upande wa Dodoma na Morogoro. Upande wa UMCA bado.

Basi Huddleston akafika na miaka 47, anatoka jiji lenye kila kitu mpaka mikutano na waandishi wa habari, anaingia kusini. Nawe unaijua kusini, lakini ya wakati ule ilikuwa zaidi. Reli waliyoijenga Waingereza kwa ajili ya ule mradi wa karanga wa Nachingwea ilikuwa inaelekea kufa, na mapema miaka ya 60 iling'olewa kabisa. Barabara ya kwenda Dar ilikuwa inakatika masika, Rufiji hakuna daraja (Daraja la Mkapa limekuja 2003!), kwa hiyo ama unapanda meli Mtwara au Lindi ama unapanda ndege ndogo ama unakaa ulipo. Uwanda wa Makonde juu maji yalikuwa ya shida, mama anatelemka bonde na kupanda tena na mtungi kichwani. Hapo ndipo kazi ya askofu ilipokuwa, na niseme ukweli, hilo ni badiliko gumu kwa mtu aliyekuwa anaandikwa magazetini kila wiki.

Unauliza alikuwa anafanya nini. Kazi ya askofu wa namna ile nusu yake ni safari. Kuna sakramenti mbili ambazo padri wa kawaida kwetu hazitoi, kipaimara na daraja takatifu, hizo zinamsubiri askofu, kwa hiyo inabidi azunguke kila mtaa. Gari linafika limejaa vumbi, wazee wa kanisa wamepanga mstari, ngoma na vigelegele, anapumzika kidogo, jioni anasikiliza mashauri, padri fulani hapatani na katekista wake, mwalimu kaoa mke wa pili, bati za kanisa zimepeperuka. Asubuhi misa ya Kiswahili, nyimbo nyingine Kiyao au Kimakua au Kimakonde kutegemea uko wapi, na watoto wanakuja mmoja mmoja wanapiga magoti, askofu anamwekea kila mmoja mikono kichwani na kumtaja kwa jina lake. Hapo ndipo alipopita bibi yako. Mtu wa kijijini anaweza kumwona askofu mara tatu nne tu maisha yake yote, na mara moja kati ya hizo mikono ya askofu iko juu ya kichwa chake, ndiyo maana usishangae anamtaja mpaka leo.

Nusu nyingine ni utawala. Dayosisi ilikuwa na shule za msingi vijijini, ilikuwa na Chidya sekondari, hospitali ya Mkomaindo na zahanati, na masista wa CMM, Chama cha Mariamu Mtakatifu, shirika la masista Waafrika lililoanzia hapohapo Masasi 1946. Hela nyingi ilitoka kwa waumini wa Uingereza, na jina la Huddleston lilifungua mifuko mingi kule, hilo tuseme wazi. Ila alichokuwa anakiona ni kwamba utaratibu wote umeegemea Ulaya, daktari Mzungu, mkuu wa shule Mzungu, mweka hazina Mzungu, askofu Mzungu, na uhuru umepatikana tarehe 9 Desemba 1961. Msimamo wake ulikuwa kwamba shule na hospitali ni za wananchi na taifa jipya lina haki nazo, na kanisa lising'ang'anie kana kwamba ni mali yake. Mtu yuleyule aliyekubali shule ifungwe asiikabidhi kwa makaburu! Wapo wanaomwona kigeugeu hapo, mimi sioni hivyo hata kidogo. Serikali moja ilitaka shule ili mtoto wa Kiafrika abaki chini, nyingine ilitaka shule ili mtoto huyohuyo aende juu. Yeye alikuwa anamwangalia mtoto.

Na siasa hazikumwacha hata huko porini. Septemba 1964 Frelimo, wapigania uhuru wa Msumbiji, walianza vita dhidi ya Wareno, na Ruvuma ndio mpaka, watu wakaanza kuvuka na watoto na vikapu kuja upande wetu, kwa ndugu zao Wamakonde, Wamakua na Wayao, na Nachingwea ikawa na kambi ya Frelimo. ANC nao walikuwa wameshafungua ofisi Dar, Tambo akiwa uhamishoni, huyohuyo wa St Peter's, ambaye Huddleston alimtia moyo kwenye nia yake ya kuwa padri, nia iliyokatika alipokamatwa kwa kesi ya uhaini Desemba 1956. Halafu Desemba 1965 Tanzania ikavunja uhusiano wa kibalozi na Uingereza kwa sababu haikuwazuia walowezi Wazungu wa Rhodesia, Zimbabwe ya leo, kujitangazia uhuru. Hebu pima hapo, askofu wako ni Mwingereza, nchi yako na nchi yake hawana ubalozi, na yeye bado anaendesha gari lake kwenda kutoa kipaimara Newala kama kawaida na hakuna aliyemgusa, kwa sababu watu na serikali walijua yuko upande gani. Azimio la Arusha lilipokuja Februari 1967 aliliunga mkono waziwazi. Mtu mwenye nadhiri ya ufukara kuambiwa viongozi wasijilimbikizie mali, hilo halikumpa shida.

Sasa swali lako kubwa, mbona aliondoka. Hakufukuzwa, hakukosana na mtu. Afya yake haikuwa nzuri sana, alikuwa na kisukari, lakini sababu aliyoishikilia mwenyewe ni kwamba wakati wa askofu Mtanzania umefika na kama yeye amekalia kiti, hakuna atakayekikalia. Zanzibar maaskofu wa zamani wengine walikuwa wanafia kazini, Steere alifia Zanzibar 1882, Frank Weston alifia Hegongo kule Magila 1924, na watu waliwaheshimu kwa hilo, hata sasa tunawaheshimu. Lakini miaka ya 60 heshima ilikuwa mahali pengine. Alikuwa na miaka 55, bado ana nguvu ya miaka mingi, angeweza kukaa na hakuna ambaye angemwambia ondoka. 1968 akang'atuka, na aliyemfuata ni Hilary Chisonga, Mtanzania, aliyeiongoza Masasi mpaka miaka ya 80. Miaka miwili baadaye, 1970, Kanisa Anglikana Tanzania likawa jimbo kamili na Askofu Mkuu wake John Sepeku. Ukiweka tarehe hizo pamoja unaona Huddleston alikuwa anaenda na mwendo wa kanisa zima, ila unaona pia kwamba kwa upande wake hakusubiri kusukumwa.

Alikokwenda baada ya hapo nitapita haraka. Kwanza London mashariki, askofu wa Stepney 1968 mpaka 1978, mtaa wa maskini na wahamiaji, Wabengali wanapigwa barabarani na wabaguzi, na yeye akaanza tena kazi ileile aliyoiacha Sophiatown, safari hii nchini kwake. Kisha 1978 akawa askofu wa Mauritius na Askofu Mkuu wa Jimbo la Bahari ya Hindi, yaani Mauritius, Madagascar na Shelisheli, mpaka 1983. Kule Waanglikana ni wachache kati ya Wahindu, Wakatoliki na Waislamu, na alijishughulisha sana na maelewano ya dini mbalimbali, jambo ambalo mtu aliyekaa kusini ya Tanzania, ambako familia moja ina Yohana na Saidi, asingeliona geni. Tangu 1981 alikuwa rais wa Anti-Apartheid Movement na akaishikilia mpaka 1994 ubaguzi ulipoanguka rasmi. 1991 alirudi Afrika Kusini kwa mara ya kwanza tangu 1956, akahudhuria mkutano wa ANC Durban. 1994 Tanzania nayo ikampa nishani ya Mwenge wa Kilimanjaro, daraja la kwanza, na hiyo nishani watu wa Masasi wana haki ya kuiona kama yao pia.

Kuhusu kaburi, hapana, hakuzikwa Masasi. Alifariki Mirfield, kwenye nyumba ya shirika lake, tarehe 20 Aprili 1998, na majivu yake yakapelekwa Sophiatown, kwenye kanisa la Kristo Mfalme, moja ya majengo machache yaliyosalimika ule ubomoaji. Nadhani wanaosema Masasi wanachanganya na makaburi ya wamisheni wengine waliolala huko kusini.

Na kwa bibi yako, nenda parokiani kwake ukaombe kuangalia daftari la kipaimara. Kwa utaratibu wetu linaandikwa jina la aliyepokea, tarehe, kanisa, na askofu aliyetoa, na miaka ile waliandika kwa mkono mzuri sana wa wino. Ukikuta 1960 hadi 1968 ndio huyo. Lipige picha kama padri ataruhusu, maana madaftari yale yanaliwa na mchwa, halafu kaa na bibi umrekodi kwa simu akueleze siku ile ilivyokuwa, alivaa nini, askofu alisema nini, waliimba nini, nani alikuwa msimamizi wake. Ukipata nitumie na mimi nisikilize.